Fahamu: Msuluhishi akiyaruka madai kinzani

Tuseme mnunuzi anamdai mkulima wa Chanzuru, Kilosa, magunia 200 ya mahindi ambayo hayakufika. Mkulima naye anajibu kwa madai kinzani: mzigo wa kwanza ulichukuliwa, fedha hazijaonekana. Msuluhishi akimpa mnunuzi tuzo bila kuligusa dai la pili, Sheria ya Usuluhishi ya 2020 inairuhusu mahakama kuingilia, kwani hoja iliyowasilishwa na kuachwa ni kasoro kubwa, mradi imemnyima mtu haki kweli. Wapo wanaolalamika kwamba hiyo ni rufaa ya mlango wa nyuma. Sivyo. Dai lililosikilizwa likakataliwa si dai lililorukwa. Kutoridhika pekee hakutoshi. Tena jaji hajitwishi kesi nzima: kwa kawaida huirudisha tuzo kwa msuluhishi aimalizie.