Ulimi wa Paka na Kichupa cha Makonyo

Keti barazani Chake Chake jua likishapoa, umtazame paka. Analowesha mguu wa mbele kwa mate, anaupitisha nyuma ya sikio, kisha ubavu, paja, hadi mkia. Karibu robo ya muda anaokuwa macho huishia kwenye kujiramba.

Ulimi wake unakwaruza kama msasa kwa sababu umejaa vimiba vilivyoumbwa kwa kitu kile kile kinachoumba kucha. Mwaka 2018 watafiti Alexis Noel na David Hu wa chuo cha Georgia Tech, Marekani, walionyesha kuwa ncha za vimiba hivyo zina uwazi kama kijiko. Huteka mate kinywani na kuyafikisha ngozini, chini kabisa ya manyoya.

Shida ni pale anapojiramba tumbo au mapaja ya ndani hadi ngozi ikabaki wazi. Watu husema, "Paka wangu ananyonyoka." Papasa ukingo wa kipara: ukisikia vishina vinachoma kama ndevu zilizonyolewa jana, jua manyoya ameyakata mwenyewe. Mara nyingi sababu ni viroboto. Utasema huoni hata mmoja. Hutawaona, keshawameza! Mchane kwa kitana cha chawa, ukung'ute juu ya kitambaa cheupe kilicholowa. Vumbi jeusi likitoa wekundu, hicho ni kinyesi cha kiroboto, yaani damu ya paka wako.

Hapo ndipo jirani anapoleta kichupa. Kisiwa chetu cha Pemba kinanukia karafuu, na pale Wawi kuna kiwanda kinachotoa mafuta hata kwenye makonyo, yaani vikonyo vya karafuu. Yanatuliza jino, yanachua misuli, viroboto watayaweza? Huenda wasiyaweze, lakini naye paka hayawezi. Chochote umpakacho manyoyani atakiramba, na mafuta ya karafuu yana eujenoli, ambayo ini la paka hushindwa kuivunja kama la mtu. Ataanza kutoka udenda, kisha kuyumba. Dawa ya kuogeshea ng'ombe ni hatari vilevile: nyingine zina pamethrini, na hiyo humtia paka degedege.

Anachohitaji ni dawa ya matone iliyoandikwa kuwa ni ya paka, kwa kipimo cha uzito wake, idondoshwe kisogoni usikofika ulimi. Wapewe paka wote wa nyumba. Mayai ya kiroboto huangukia mkekani na kwenye nyufa za sakafu, kwa hiyo fagia, fua, anika, na urudie dawa kama ilivyoelekezwa. Mimi naona kufagia ndiko kunakowashinda wengi, kuliko bei ya dawa.

Viroboto wakiisha na bado anajiramba, huenda ni ukurutu, maumivu, au wasiwasi wa kuletewa paka mwengine ndani. Daktari wa mifugo atatofautisha. Ila paka dume anayejiramba chini ya mkia, akachutama mchangani mara kwa mara bila mkojo kutoka, huenda njia yake imeziba. Huyo mpeleke leo hii, hata kama ni usiku.