Mgonjwa wa Akili Naye Ana Shamba Lake

Hujafa hujaumbika, walisema wahenga. Hata hivyo, katika vijiji vyetu vingi mtu akishapatwa na maradhi ya akili huhesabiwa miongoni mwa wafu, na mali yake ikawa mirathi ilhali mwenyewe angali anavuta pumzi.

Tuchukue mfano ambao si mgeni kwa msomaji. Kijana ameacha masomo ya chuo kwa sababu ya ugonjwa. Baba anafariki. Ndugu wanaketi, wanagawa shamba, na fungu la mgonjwa linaandikwa kwa jina la kaka mkubwa ili "amtunzie". Baada ya miaka mitatu shamba limeuzwa na mnunuzi amejenga. Kijana, ambaye sasa anatumia dawa na fahamu zake zimemrudia, anakwenda kulizuru kaburi la babake. Anafukuzwa kwa kuingia katika ardhi ya watu. Naam, kikulacho ki nguoni mwako.

Je, sheria yasemaje? Katiba ya 2010, katika kifungu cha 40, yampa kila mtu haki ya kumiliki mali, na kifungu cha 27 chakataza ubaguzi kwa misingi ya afya au ulemavu. Aidha, mwaka 2008 Kenya iliridhia mkataba wa Umoja wa Mataifa kuhusu haki za watu wenye ulemavu, unaosema kuwa watu hao ni sawa na wengine mbele ya sheria na wana haki ya kumiliki na kurithi mali. Maradhi, basi, hayafuti umiliki.

Shida huja pale haki hiyo inapohitaji kutetewa kortini. Agizo la 32 la Kanuni za Kesi za Madai za 2010 laeleza kuwa mtu aliyethibitika kortini kwamba hawezi kulinda maslahi yake kutokana na ugonjwa wa akili atashtaki kupitia mtu mwingine anayesimama kwa niaba yake. Naye akishtakiwa, mahakama itamteulia mlezi wa kesi. Mlezi huyo hapaswi kuwa mtu ambaye maslahi yake yanagongana na ya mgonjwa, wala hawezi kufanya mapatano bila idhini ya mahakama. Kadhalika, Sheria ya Afya ya Akili ya 1989 iliweka utaratibu wa mahakama kumteua msimamizi wa mali ya mgonjwa, na ikamkataza kuuza, kuweka rehani au kugawa ardhi hiyo pasipo ruhusa maalumu ya mahakama. Undugu pekee, kwa hivyo, haumpi mtu kalamu ya kutia sahihi hati ya shamba la nduguye.

Hata hivyo, uwakilishi nao una hatari zake. Neno "wazimu" ni jepesi kutamka, na aghalabu hutamkwa na yule aliyelitolea macho shamba. Ndiyo maana si haki mtu avuliwe usemi wake kwa uvumi wa kijiji. Hapana budi mahakama ichunguze, isikie ushahidi wa daktari, na zaidi ya yote imwone na kumsikiliza mwenyewe. Maradhi haya hupanda na kushuka: asiyejiweza Januari huenda akajieleza vizuri ifikapo Juni. Mwakilishi mwema humsaidia mgonjwa kusema. Mwakilishi mbaya humziba kinywa, kisha akasema peke yake.

Swali la gharama halikwepeki. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016 iliunda Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria kwa ajili ya wasioweza kulipa wakili. Lakini haki isiyojulikana ni sawa na haki isiyokuwapo. Mgonjwa aliyefungiwa chumbani hatajua pa kuanzia.

Hapa ndipo mwalimu anapoingia. Yeye huwajua watoto wa kijiji na huheshimiwa barazani. Siku ya kugawa ardhi, na aulize swali moja tu: "Na yule mgonjwa, nani anamsemea, na ni nani aliyemteua?" Nanyi wanafunzi, mnaocheka mtu anapopita akijisemea njiani, kumbukeni kuwa huenda ni yeye mwenye shamba mnalolikanyaga mwendapo shuleni.