Marcel Dalio: Mwigizaji ambaye sura yake ilifanywa silaha

Sisi tuliokulia na sinema hapa Mombasa tulizoea kuwajua watu wawili tu ndani ya filamu: stelingi na adui. Waliobaki, mwenye duka, dereva wa teksi, karani wa hoteli, hatukuwahesabu. Majina yao yakipita mwishoni, watu washasimama wanatafuta mlango.

Lakini filamu haisimami kwa stelingi peke yake. Wapo waigizaji ambao kazi yao maisha yote ni hizo nafasi za pembeni. Wanaingia dakika tano, wanasema maneno mawili, wanatoka, na bila wao hadithi haina chumvi. Leo nataka kumzungumzia mmoja wao, Mfaransa Marcel Dalio. Nimemchagua kwa sababu maisha yake yanamhusu kila aliyewahi kuhukumiwa kwa sura au jina lake, na sisi watu wa Pwani hilo tunalifahamu.

Dalio alizaliwa Paris mwaka 1899. Wazazi wake walikuwa Wayahudi waliohamia Ufaransa kutoka Romania, na jina lao la ukoo lilikuwa Blauschild. Dalio ni jina alilojipa kwa ajili ya kazi. Alianzia jukwaani, kwenye michezo ya kuchekesha na nyimbo katika kumbi za Paris, kabla ya kuingia kwenye filamu. Alikuwa mtu mfupi, mweusi wa nywele, si aina ya mwanamume ambaye watengenezaji filamu wangemweka mbele awe kipenzi cha mabinti.

Mwaka 1937 ndipo watu walipomjua. Katika filamu *Pépé le Moko* ya Julien Duvivier, inayosimulia habari za jambazi aliyejificha mtaa wa Casbah mjini Algiers, Dalio aliigiza L'Arbi, mtoa habari wa polisi. Tazama mambo hayo: Algeria ilikuwa chini ya Ufaransa, nafasi ya Mwarabu akapewa Myahudi wa Paris, na nafasi yenyewe ikawa ya msaliti. Waongozaji wa wakati huo walitaka tu mtu mwenye sura ya "kigeni". Ugeni wa wapi, hawakujali.

Mwaka huo huo Jean Renoir alimpa nafasi ya heshima. Katika *La Grande Illusion*, filamu kuhusu mateka wa Kifaransa katika Vita Vikuu vya Kwanza, Dalio ni Luteni Rosenthal, Myahudi wa familia tajiri. Vifurushi vya chakula anavyoletewa kutoka nyumbani hugawana na wenzake. Baadaye anatoroka na Maréchal, aliyeigizwa na Jean Gabin. Njiani Rosenthal anaumia mguu. Njaa na baridi vikiwazidi, wanagombana, na Maréchal anamtukana kwa Uyahudi wake na kumwacha barabarani. Hakufika mbali. Alirudi, akamshika mkono, wakaenda pamoja hadi wakavuka mpaka kuingia Uswizi. Utawala wa Hitler uliipiga marufuku filamu hiyo Ujerumani. Si ajabu, maana ilimwonyesha Myahudi kama mtu, mwenye ukarimu na hasira zake.

Mwaka 1939 Renoir akamwita tena. Safari hii, katika *La Règle du jeu*, Dalio alikuwa bwana mkubwa, Marquis de la Chesnaye, mwenye jumba la kifahari na hobi ya kukusanya vinanda vinavyojipiga vyenyewe. Kuna mahali anasimama mbele ya kinanda kipya mbele ya wageni wake. Uso wake una fahari na haya kwa pamoja, kama mtoto aliyevalishwa nguo mpya ya Idi. Ndani ya filamu hiyo hiyo, watumishi jikoni wanamsengenya kuhusu asili yake ya Kiyahudi. Ilipoonyeshwa Paris Julai 1939, watazamaji wengi waliizomea, na baadaye serikali ikaipiga marufuku. Leo inahesabiwa miongoni mwa filamu bora kabisa duniani.

Mwezi Juni 1940, majeshi ya Hitler yalipoikaribia Paris, Dalio alikimbia pamoja na mkewe, mwigizaji kijana Madeleine Lebeau. Walifika Lisbon, Ureno, wakahangaika kutafuta viza hadi wakapata za Chile. Wakapanda meli. Walipofika Mexico wakaambiwa viza zao ni bandia. Mwishowe walipata pasi za muda za Canada, na kwa hizo wakaingia Marekani.

Nyuma yao, Paris, jambo la kutisha lilikuwa likiendelea. Wajerumani walichukua picha ya Dalio, uso ule ule ambao Wafaransa waliukata tiketi kuutazama, wakauchapisha kwenye mabango ya kuwaonyesha watu jinsi Myahudi "halisi" anavyofanana. Mwigizaji akageuzwa kielelezo cha chuki. Mabango hayo hayakuwa ya mchezo. Yalikuwa yakiwazoesha watu kuona kuwa jirani yao si mwenzao, ili siku atakapokuja kuchukuliwa wasiulize. Wazazi wa Dalio waliuawa katika kambi za Wanazi.

Huko Hollywood, mtu aliyekuwa marquis wa Renoir alianza upya kwa vijinafasi. Kilicho maarufu zaidi ni cha mwaka 1942, katika *Casablanca*. Ukiipata filamu hiyo, mtafute. Yeye ndiye Emil, anayezungusha gurudumu la kamari katika mkahawa wa Rick. Jina lake halikuandikwa hata kidogo.

Kijana mmoja mkimbizi kutoka Bulgaria anacheza kamari ili apate pesa za viza, yeye na mkewe. Rick anamwambia aweke kwenye namba 22. Emil anasikia, anaelewa, anazungusha. Gurudumu linasimama kwenye 22, kisha mara ya pili 22 tena. Hadithi imewekwa Morocco lakini mkono unaozungusha gurudumu ni wa mtu ambaye, miaka 2 tu nyuma, alikuwa yeye mwenyewe mkimbizi mwenye viza bandia. Madeleine naye yumo, akiimba wimbo wa taifa la Ufaransa kwa machozi. Ndoa yao ilivunjika mwaka huo huo.

Mwaka 1944 aliigiza mwenye hoteli katika *To Have and Have Not*. Baada ya vita alirudi Ufaransa, akawa anakwenda na kurudi Hollywood. Alikuwemo hata kwenye *The Snows of Kilimanjaro* ya 1952, iliyobeba jina la mlima ambao ndugu zetu wa Taveta huuona wakifungua mlango. *Casablanca* ilipofanywa kipindi cha televisheni mwaka 1955, alipewa nafasi ya kapteni wa polisi, yule ambaye katika filamu Emil alimpelekea ushindi wake wa kamari.

Kisha mwaka 1973 ikaja *Les Aventures de Rabbi Jacob*, kichekesho cha Gérard Oury kilichotazamwa na watu zaidi ya milioni 7 Ufaransa. Kinamcheka Mfaransa mbaguzi anayelazimika kujificha ndani ya mavazi ya rabi, na ndani yake Myahudi na Mwarabu wanapeana mikono. Ilitoka Oktoba, vita vya Waarabu na Israel vikiendelea. Rabi Jacob mwenyewe, yule wa kweli, ni Dalio mzee. Uso uliobandikwa ukutani ili uchukiwe, sasa nchi nzima iliupenda. Alifariki Novemba 1983.

Najua wapo watakaoniuliza: Wapalestina wanateseka, nawe unatusimulia Myahudi? Jibu langu ni fupi. Dhulma haina kabila, na dini yetu imetuamrisha uadilifu hata kwa tusiyempenda. Isitoshe, mabango hayajaisha, yamebadilisha sura tu. Hesabu filamu ulizoona ambazo mwenye kanzu na kofia anaingia, na kabla hajafungua kinywa ushajua amebeba bomu. Kisha mkumbuke kijana wetu aliyekwenda kuomba kitambulisho akatakiwa alete cheti cha babu yake, ilhali mwenzake wa jina jingine alipewa na kwenda zake.

Wahenga walisema nyumba njema si mlango. Dalio alichezeshwa Mwarabu msaliti, Myahudi tajiri, marquis, mchezesha kamari, kapteni na rabi, kwa uso ule ule mmoja. Wenye chuki waliutazama wakaona aina moja tu ya mtu. Tuwafundishe watoto wetu kuuliza, kila wanapoonyeshwa sura ya kuogopwa: ni nani aliyeibandika, na anataka nini?