Nafasi Yenye Mwenyewe

Juni 2014 vijana zaidi ya 10,000 walijaza majukwaa ya Uwanja wa Taifa, Dar es Salaam, kufanya usaili wa Idara ya Uhamiaji. Nafasi zilikuwa 70. Wiki chache baadaye Wizara ya Mambo ya Ndani ikasitisha ajira nyingine 200 za ukoplo na ukonstebo katika idara hiyohiyo, kufuatia malalamiko kwamba walioitwa kazini walikuwa ndugu na jamaa wa maofisa.

Uhaba wa kazi kijana wa Kitanzania anaujua, na kwa kiasi fulani ameshauzoea. Kinachomchoma ni kugundua kwamba alikopa nauli, akalala kwa jamaa, akaamka alfajiri kuwahi foleni, kumbe alikwenda kusindikiza wenzake. Nafasi ilikuwa na mwenyewe hata kabla tangazo halijatoka.

Upendeleo ukitajwa, wengi hukumbuka kimemo cha mkubwa. Kimemo kipo, ingawa siku hizi kinapita WhatsApp: "Huyo ni kijana wangu, mwangalie." Kwa kuwa kinaonekana, kinaweza kukamatwa, na aliyekiandika anaweza kuulizwa. Sehemu kubwa ya upendeleo, hata hivyo, haina karatasi wala ujumbe wa simu. Hutendwa na watu wanaojiona waadilifu, nao huingia pale vigezo vya kazi vinapowekwa au kubadilishwa.

Mwaka 2005 wanasaikolojia Eric Uhlmann na Geoffrey Cohen walichapisha majaribio ambayo kila anayekaa kwenye jopo la usaili angefaa kuyajua. Katika mojawapo, washiriki walitakiwa kupima waombaji wa ukuu wa polisi, mwanamume aitwaye Michael na mwanamke aitwaye Michelle. Katika baadhi ya karatasi Michael alikuwa mzoefu wa mitaani, mkakamavu, aliyefanya kazi kwenye maeneo korofi, lakini elimu yake ndogo. Katika nyingine mambo yaligeuzwa: Michael akawa msomi anayejua utawala, ila hana uzoefu mkubwa wa mitaani. Washiriki waliulizwa pia ni sifa zipi hasa zinazohitajika kwa kazi hiyo. Michael alipokuwa na elimu, walisema mkuu wa polisi anahitaji sana elimu. Alipoikosa, uzito wa elimu ukashuka. Michelle hakupata msaada huo.

Washiriki hao hawakudanganya, wala hawakupokea kimemo. Kila mmoja angeweza kuapa kwamba alichagua kwa sifa, na sifa alizozitaja zilikuwa za kweli. Tatizo ni kwamba zilitajwa baada ya mtu kujulikana. Watafiti walipowataka washiriki wengine waamue kwanza sifa zipi ni muhimu, kabla ya kujua kama mwombaji ni mwanamume au mwanamke, ubaguzi ule ukatoweka.

Jambo hili maofisini linafahamika vizuri. Tangazo linataka shahada ya uhasibu na uzoefu wa miaka 3. Mwombaji anayependwa na mkuu wa idara ana miaka 2 tu, lakini amewahi kutumia programu fulani ya hesabu. Kwenye kikao cha kuchuja maombi, mtu anasema kwa utulivu kabisa kwamba miaka si hoja, programu ndiyo roho ya kazi yenyewe. Wajumbe wanaitikia kwa vichwa. Mwaka unaofuata, kwa nafasi kama hiyohiyo, mwombaji mwingine anakatwa kwa kupungukiwa mwaka mmoja, na hakuna anayekumbuka lile la programu. Kuna pia njia ya waziwazi zaidi: tangazo lenyewe linashonwa kwa vipimo vya mtu mmoja, lenye masharti ya ajabuajabu ambayo nchi nzima anayatimiza yeye peke yake.

Hatari ya kumjua mtu kabla ya kumpima Wachina waliijua zamani. Mwanzoni mwa karne ya 11, chini ya utawala wa Song, mitihani ya kuingia utumishi wa dola ilisahihishwa bila majina. Walipoona msahihishaji anaweza bado kumtambua mtahiniwa kwa mwandiko wake, wakaweka makarani wa kunakili kila karatasi upya kabla haijasahihishwa. Ni gharama kubwa na kazi ya kuchosha, na dola ilikubali kuibeba. Hawakumwomba msahihishaji awe mwadilifu zaidi. Walimwondolea kile ambacho kingempotosha.

Jina linabeba mengi. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2004, wachumi Marianne Bertrand na Sendhil Mullainathan walituma karibu wasifu 5,000 kujibu matangazo ya kazi katika miji ya Boston na Chicago, Marekani. Majina yaligawanywa kwa kubahatisha, mengine yakisikika ya Wazungu, mengine ya Wamarekani weusi. Yale ya Wazungu yalipata miito ya usaili kwa asilimia 50 zaidi. Afrika Mashariki rangi haisemi sana kwenye wasifu, lakini jina la tatu linaweza kumwambia msomaji kabila, jina la kwanza likamwambia dini, na shule ya sekondari ikamwambia mkoa. Afisa utumishi anayefunika mistari hiyo mitatu kabla ya kuchuja amefanya kazi kubwa kwa gharama ya karatasi na kalamu ya wino mzito.

Kisha unakuja usaili wenyewe, na hapa desturi nyingi zinahitaji kuvunjwa. "Nyumbani wapi? Ulisoma wapi? Ahaa, basi utakuwa unamfahamu mwalimu fulani!" Dakika 10 zinakwisha hivyo. Msailiwa aliyesoma shule moja na mwenyekiti anatoka akionekana mchangamfu na anayejiamini, wakati anayefuata anaulizwa sheria za kodi na kutokwa jasho. Mwaka 2022 Paul Sackett na wenzake walipitia upya tafiti za miongo mingi kuhusu njia za kuchagua wafanyakazi. Kwa kipimo ambacho 0 maana yake njia haisemi chochote kuhusu utendaji wa baadaye, na 1 maana yake inatabiri bila kukosea, usaili wa maswali yaleyale kwa kila mtu, wenye alama zilizopangwa, ulipata 0.42. Usaili wa mazungumzo huria ulipata 0.19. Mwajiri anayependa "kumpima mtu kwa macho" anajinyima mfanyakazi bora, mbali na kuwanyima waombaji haki yao. Na alama ziandikwe na kila mjumbe kabla mwenyekiti hajafungua mdomo, maana akishasema amempenda fulani, wadogo zake kicheo watakuwa wamempenda pia.

Je, kujuana kwenyewe ni dhambi? Hapana, na wanaokemea kila aina ya kujuana wanakosea. Mwanasosholojia Mark Granovetter, aliyehoji wafanyakazi wa Newton, Massachusetts, alieleza katika kitabu chake cha 1974 jinsi habari za kazi zinavyosafiri kupitia watu. Kati ya waliopata kazi kwa njia hiyo, ni takriban asilimia 17 tu waliokuwa wakionana mara kwa mara na mtu aliyewapa habari. Kupeana habari namna hiyo si upendeleo: mjomba anayemtumia mpwa wake tangazo la kazi ametimiza wajibu wa mjomba, na jamii yenye ukoo mpana haiwezi kuishi vinginevyo. Mambo hubadilika mjomba huyo akiwa ndiye mwenyekiti wa jopo. Hapo anatakiwa kusema mbele ya wenzake kwamba mwombaji ni mpwa wake, kutoka chumbani, na kutoka kwake kuandikwe kwenye muhtasari wa kikao.

Kupandishwa cheo kuna mlango wake wa nyuma, nao ni kukaimu. Bosi anamteua mtu akaimu ukuu wa kitengo "kwa muda". Anayekaimu anahudhuria vikao vya juu, anasaini, anasafiri, anajulikana. Nafasi inapotangazwa anakuja na uzoefu wa kazi hiyohiyo, na wenzake, ambao hawakuulizwa kama wangependa kukaimu, hawana. Kwenye usaili ameshinda kwa haki kabisa. Upendeleo ulishafanyika siku ya barua ya kukaimu. Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za Tanzania za mwaka 2009 hazipendi mtu akaimu nafasi iliyo wazi zaidi ya miezi 6, na Kenya imeweka ukomo huohuo katika sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2017. Ukomo unasaidia, lakini miezi 6 inatosha kumjenga mtu. Anayekaimu naye apatikane kwa ushindani, hata kama ni wa ndani na wa siku 2 tu.

Kenya imejaribu pia njia ya hesabu: Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya 2008 inakataza taasisi ya umma kuwa na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi wa kabila moja. Ni kinga ya maana dhidi ya ofisi kugeuka mali ya kijiji kimoja. Haigusi, hata hivyo, swali la nani ndani ya kila kabila alichukuliwa na kwa njia gani.

Nchini Tanzania, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inakataza ubaguzi kwa misingi kama kabila, dini, jinsia, ujauzito, ulemavu na hali ya maisha, na kifungu cha 7 kinamhesabu hata mwombaji wa kazi kuwa mfanyakazi kwa ajili hiyo. Mlalamikaji akishaonyesha dalili za kutosha za ubaguzi, mzigo wa kuthibitisha kwamba haukutokea unahamia kwa mwajiri. Mwajiri aliyeandika vigezo mapema, akatunza karatasi za alama za kila mjumbe na muhtasari unaoonyesha nani alitoka chumbani, ana cha kuweka mezani. Mlalamikaji ana siku 60 za kufikisha mgogoro wake mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi.