Moto Uliolala Chini ya Ziwa Kivu

Taa iwakapo Uvira, umeme wake hutoka maporomoko ya mto Ruzizi, ambako kituo cha kwanza kilijengwa mwishoni mwa miaka ya 1950, na cha pili kikafuata mwaka 1989. Mto huo hutoka Ziwa Kivu na kuingia Tanganyika, ziwa letu. Mvua ikikosa, nguvu yake hupungua.

Lakini Ziwa Kivu lina hazina nyingine isiyongoja mvua: gesi ya metani, yapata mita za ujazo bilioni 60, iliyoyeyuka katika maji mazito ya vilindini. Huko Karongi, Rwanda, tangu mwisho wa mwaka 2015, kituo cha KivuWatt huyapandisha maji hayo kwa mabomba kutoka kina cha mita 350 hivi. Yakaribiapo juu, gesi hufoka kama pombe ya chupa ifunguliwapo. Husafishwa, kisha huendesha injini zitoazo megawati 26. Huko Kinyerezi, Dar es Salaam, kituo kimoja cha gesi hutoa zaidi ya megawati 200.

Hata hivyo, tujihadhari. Vilindini mna pia hewa ya kaboni kwa wingi. Mwaka 1986 Ziwa Nyos la Kameruni lilitapika hewa hiyo usiku, wakafa watu wapatao 1,700. Pwani za Kivu zina watu wengi kupita huko. Kwa hiyo maji yaliyotolewa gesi hurudishwa chini kwa uangalifu, tabaka zisivurugike.

Ninyi wanafunzi msomao kwa taa, jifunzeni elimu hii: ziwa hilo lataka mafundi wa kulitumia na walinzi wa kulichunga.