Mteza kwao hutunzwa

Wahenga walinena kuwa mcheza kwao hutunzwa. Kwetu Jomvu Kuu wazee husema "mteza kwao hutunzwa", maana pale Kiswahili Sanifu kinapotamka "ch", Kimvita mara nyingi hutamka "t". Naomba, ndugu msomaji, nikusimulie jinsi neno hilo lilivyonipita masikioni nami nikiwa nalitafuta.

Mwaka 2006, nikiwa mwanafunzi wa uzamifu, nilikwenda kwa babu yangu mzaa mama nikiwa na kinasa sauti na orodha ya maneno mia mbili. Nia yangu ilikuwa kukusanya msamiati wa Kijomvu, tawi la Kimvita lizungumzwalo na Wajomvu, mojawapo ya Thenashara Taifa za Waswahili wa Mombasa. Nilikuwa na haraka, kwani nilikuwa nimemwahidi msimamizi wangu sura ya nne kabla ya mwezi kwisha.

Babu naye alikuwa na lake. Katikati ya miaka ya 1950 alisomea useremala katika chuo kilichojulikana kwa jina la MIOME, kilichofunguliwa kwa ajili ya kuwapa Waislamu wa Afrika Mashariki elimu ya ufundi. Wanafunzi wa kwanza waliingia mwaka 1951. Chuo hicho ndicho kilichokuja kuwa Mombasa Polytechnic mwaka 1972, na tangu mwaka 2013 ni Chuo Kikuu cha Ufundi cha Mombasa. Kiko Tudor, ukingoni mwa hori ile ile inayopanda hadi Jomvu Kuu. Babu alisema kwamba siku za mapumziko alirudi nyumbani kwa mtumbwi, akingoja maji yajae.

Nilipomwuliza neno la kwanza katika orodha, alijibu kwa kunieleza msimu mmoja wa timu ya chuo. Yeye alikuwa winga wa kushoto. Walicheza miguu mitupu, jambo ambalo halikuwa ajabu zama hizo. Hata timu ya Uganda iliyozuru Uingereza mwaka 1956 ilicheza bila viatu. Mpira ulikuwa wa ngozi iliyoshonwa kwa kamba. Mvua za masika ziliponyesha, ulikunywa maji ukawa mzito kama jiwe, na aliyeupiga kichwa alirudi bwenini na alama ya kamba kwenye paji la uso. Wachezaji wenzake walitoka huku na huku, hata Unguja, na katika uwanja ule kila mmoja aliita pasi kwa lahaja ya kwao.

Kanda ile ningali nayo. Babu anasikika akisema: "Siku ya mtezo wa mwisho, mwanangu, tulikuwa sare. Mpira ulikuwa karibu kutoka nde, nikaukimbilia. Mato yangu yalikuwa kwa kipa..." Hapo inaingia sauti yangu: "Samahani, babu. Neno 'njia' nyinyi mwaliitaje?"

Kimya kidogo. Kisha babu, kwa adabu ya watu wa zamani, akajibu: "Ndia." Tukaendelea na orodha hadi mwisho. Hakuurudia mchezo ule, wala mimi sikumwuliza. Alifariki mwaka 2008.

Miaka mingi baadaye niliisikiliza kanda ile upya, nikaona haya. Katika dakika tisa za mpira babu alikuwa amenipa "mtezo", "nde" na "mato", maneno yale yale niliyokuja kuyauliza moja moja, tena yakiwa hai ndani ya sentensi. Alikuwa amenipa na zaidi. Majina ya nafasi na matukio aliyatoa kwa Waingereza: kipa, beki, winga, kona, penalti. Vitenzi, hata hivyo, karibu vyote vilikuwa vyetu: kupiga chenga, kupangua, kutoa pande, kufunga. Wanaisimu tunafundisha kuwa lugha hukopa nomino kwa wepesi kuliko vitenzi. Ushahidi huo ulikuwa umekaa mbele yangu juu ya mkeka, nami nikaukatiza.

Simlaumu yeyote kwa kuwa shule zilinifundisha "cheza" badala ya "teza". Mkutano uliofanyika hapa hapa Mombasa mwaka 1928 ulipendekeza Kiunguja kiwe msingi wa usanifishaji, na lugha moja ya vitabu imetufaa sana. Lakini usanifu una tabia ya kutuzoesha kuwasikiliza wazee kama watu wanaokosea, au, kwa msomi kama mimi, kama kamusi ya kufunguliwa ukurasa ninaoutaka. Babu hakuwa kamusi. Alikuwa winga wa kushoto.

Tuna kumbukumbu za mashindano makubwa. Tunajua kuwa Kombe la Gossage lilianza mwaka 1926 baina ya Kenya na Uganda, Tanganyika ikajiunga mwaka 1945 na Zanzibar mwaka 1949. Tunajua pia kuwa Feisal ya Mombasa ilitwaa ubingwa wa ligi ya Kenya mwaka 1965. Lakini misimu ya vyuo na shule, ambako vijana wa lahaja mbalimbali walikutana na kuelewana, aghalabu imebaki vinywani mwa wachezaji wenyewe, na wao sasa wamekaribia au kupita miaka tisini.

Kwa hivyo nawaomba walimu wenzangu: wapeni wanafunzi kazi moja likizo hii. Kila mmoja amwendee mzee wa kwao, amwulize juu ya mchezo mmoja aliowahi kuucheza, kisha anyamaze. Simu ya mkononi inatosha kunasa sauti. Orodha ya maneno ingoje.

Mimi hadi leo sijui kama babu alifunga.