KWA MTUMBWI KATIKA MIFEREJI YA NYABARONGO

Askari anayevuka daraja la Kanzenze, ama anatoka Kigali kwenda Bugesera ama anarejea mjini baada ya likizo, hulitupia jicho bonde la Nyabarongo kwa nusu dakika tu, kisha mawazo yake hurudi safarini. Nasi tulikuwa hivyo hivyo. Tulipita hapo mara nyingi tulipokuwa wanafunzi katika chuo cha kijeshi cha Gako, na katika ramani zetu bonde lile lilikuwa ni rangi ya kijani yenye vistari vya samawati, maana yake mahali ambapo gari halipiti na askari wa miguu huchelewa. Kinamasi kwetu kilikuwa kizuizi. Nani analima mle ndani, analima nini, na maji yale yanakwenda wapi, hatukuwahi kujiuliza.

Mwezi wa Julai, katika kiangazi kile ambacho Wanyarwanda hukiita impeshyi, tulipata nafasi ya kuingia bondeni kwa mtumbwi. Tulikuwa sita, askari wanne na polisi wawili, tukiongozwa na kijana mmoja mzaliwa wa pale ambaye huwatembeza wageni wanaotaka kuona ndege na mashamba. Sajini mmoja aliyewahi kulinda amani huko Darfur alilikataa jaketi la kuokolea maisha, akisema kwamba amevuka mito mikubwa kuliko huu. Kijana aliweka kasia lake chini, akaketi. "Afande," akasema kwa upole, "mtumbwi huu hauondoki mpaka uvae." Sajini akavaa. Polisi wetu mmoja alicheka sana, lakini dakika kumi baadaye, kiboko alipokoroma ndani ya mafunjo, yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kukaza kamba za jaketi lake.

Maji ya Nyabarongo ni ya rangi ya udongo, na kwa kweli ni udongo hasa, uliochukuliwa na mvua kutoka milimani. Mto huu huanza kusini magharibi ya nchi, pale inapokutana Mbirurume na Mwogo. Mmojawapo wa vijito vinavyoulisha ni Rukarara, unaotoka msitu wa Nyungwe, ambao Mjerumani Richard Kandt aliufuata mwaka 1898 akitafuta chimbuko la mto Nile. Ndiye Kandt huyo huyo aliyeanzisha makazi ya utawala yaliyokuja kuwa mji wa Kigali, mwaka 1907. Nyabarongo huelekea kaskazini, hupokea mto Mukungwa, hugeuka na kuuzunguka mji wa Kigali upande wa magharibi, hupokea Nyabugogo pamoja na uchafu wote wa mji, kisha Akanyaru, ndipo hupita hapa Kanzenze ukienda kuwa Akagera na hatimaye kuingia ziwa Viktoria. Kwa hiyo mtu aliyeketi katika mtumbwi chini ya daraja hili ameketi juu ya maji ya sehemu kubwa ya nchi yake.

Baada ya mwendo mfupi mwongozaji aliuacha mkondo mkubwa, akatuingiza katika mfereji ambao upana wake haukuzidi sana urefu wa kasia. Hapo ndipo safari yenyewe ilipoanza. Kulia na kushoto kulikuwa na matuta marefu yaliyoinuliwa juu ya maji, juu yake viazi vitamu, maharage, kabichi na dodo, na katika sehemu zenye maji mengi zaidi, magimbi. Kila baada ya hatua kadhaa mfereji mdogo uliingia katika mkubwa, kama barabara za kambi zinavyoingia katika barabara ya gwaride. Watu walikuwa wameinama kila upande. Huu ndio msimu wa tatu wa kilimo chetu, ambao wataalamu huuita msimu C: milima inapokauka, mabonde ndiyo yanayolisha soko la mji. Mboga inayoliwa kambini mwezi wa Agosti, yaelekea imetoka katika tuta kama haya.

Kanuni ya ulimaji huu ni nyepesi kuieleza na ngumu kuitenda. Mkulima huchimba mfereji, na udongo anaoutoa huurundika pembeni ukawa tuta. Maji hushuka kiasi cha kuuacha mzizi upumue, lakini hayaendi mbali. Hubaki chini ya tuta na kupanda polepole, ndiyo maana kiazi hunenepa wakati mlimani vumbi linaruka. Kila mfereji una kizibo chake. Mvua ikinyesha kizibo huondolewa ili tuta lisizame. Jua likizidi hurudishwa ili tuta lisikauke.

Mama mmoja mtu mzima, aliyekuwa akipalilia karibu na maji, alitusimamisha tuone kizibo chake. Kilikuwa ni vigogo viwili vya mgomba vilivyokandikwa tope. Tulimwuliza kwa nini asiuchimbe mfereji ukaenda chini zaidi, apate shamba kubwa lililo kavu, asisumbuke na kizibo kila wiki.

"Wanangu," akajibu, "mfereji mfupi ni mtumishi. Ukiurefusha chini, unakuwa mwizi. Hunyonya maji yako na ya jirani, na udongo huu mweusi ukikauka sana haukubali tena kunywa."

Maneno haya yana ushahidi mkubwa katika historia yetu ya karibuni, na ushahidi huo uko katika maji yale yale tuliyokuwa tukielea juu yake. Tumekwisha kutaja kwamba Nyabarongo hupokea Mukungwa. Sasa, Mukungwa hutoka ziwa Ruhondo, Ruhondo hupokea maji ya ziwa Burera, na Burera hulishwa na kinamasi cha Rugezi kilichoko juu milimani kaskazini, zaidi ya mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Kati ya Burera na Ruhondo kuna mitambo ya umeme ya Ntaruka, yenye uwezo wa megawati 11.25, na chini ya Ruhondo kuna mitambo ya Mukungwa. Kwa miaka mingi mitambo hiyo miwili ilikuwa miongoni mwa nguzo za umeme wa taifa.

Wananchi wa kule juu walihitaji ardhi, na hakuna anayeweza kuwalaumu kwa hilo, kwa maana milima ilikuwa imejaa. Wakaikata mifereji ndani ya Rugezi, ikashuka chini kupita kiasi, na kinamasi kikaanza kumwaga maji kiliyozoea kuyatunza. Mvua nazo zikapungua, na maji ya ziwa yakatumiwa na mitambo kuliko yalivyoingia. Kina cha Burera kikashuka. Mwaka 2004 Ntaruka ikakaribia kusimama, na Kigali ikaingia gizani. Waliokuwa kazini mwaka huo wanakumbuka zamu za usiku katika mitaa isiyo na taa. Serikali ililazimika kukodi mitambo inayotumia dizeli kwa gharama kubwa, fedha ambazo zingeweza kufanya mambo mengine mengi.

Ndipo kilimo ndani ya Rugezi kikasimamishwa, makinga maji yakachimbwa milimani, mianzi na majani ya kuzuia mmomonyoko yakapandwa, na mwaka 2005 kinamasi hicho kikaandikishwa katika Mkataba wa Ramsar wa kuhifadhi ardhi oevu. Kina cha ziwa kikapanda tena. Haya hutajwa mara nyingi kama ushindi, nao ni ushindi kweli. Lakini sisi tunaona si haki kuyasimulia bila kutaja kwamba wapo waliopoteza tuta la kiangazi na majani ya kuuza, nao hawakuwa wahalifu. Taa za Kigali ziliwashwa tena kwa jasho lao pia.

Huko Mexico, katika mahali paitwapo Xochimilco, watu walilima matuta ya namna hii ndani ya ziwa tangu kabla ya Wahispania kufika, nayo yaliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1987. Wageni hutembezwa katika mifereji kwa mashua zilizopakwa rangi. Pale pia mji mkubwa umenyonya maji ya chini ya ardhi, na mifereji inalindwa kwa shida. Nyabarongo haina mashua za rangi wala wapiga muziki. Ina mtumbwi wa mbao unaovuja kidogo.

Lakini ina mafunjo. Tulipotoka mashambani tuliingia kati ya kuta zake, marefu kuliko mtu aliyesimama, na ghafula sauti ya magari ya darajani ikapotea. Mdiria mwenye madoa meupe na meusi alining'inia hewani, akajitupa majini, akatoka na kisamaki. Yangeyange walisimama kimya kama walinzi wa lango. Baadaye mwongozaji akainua mkono, nasi tukawaona korongo wawili wenye taji la dhahabu, wakitembea kwa maringo. Wanyarwanda humwita ndege huyo umusambi. Na umusambi pia ni jina la mkeka, ule uliosukwa kwa mimea ya mabondeni. Kuna wakati wengi wa korongo hao walikamatwa ili wapambe bustani za hoteli na za matajiri. Katika miaka ya karibuni wamekusanywa, wale waliokuwa wazima wakarudishwa porini, na walioharibika mabawa wakapewa makao katika ardhi oevu iliyotengenezwa upya pale Kigali, iitwayo Umusambi Village.

Mahali fulani kijana aliacha kupiga kasia. Hakueleza kwa nini, wala hatukumwuliza. Mwezi wa Novemba 1992, katika mkutano wa hadhara huko Kabaya, mwanasiasa Léon Mugesera alisema kwamba Watutsi watarudishwa Ethiopia kwa njia ya Nyabarongo. Mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, mto huu ulifanywa kaburi. Maiti zilichukuliwa na Akagera hadi ziwa Viktoria, na wananchi wa Uganda wakazizika Kasensero, Lambu na Ggolo. Tulivua kofia. Mtumbwi ulichukuliwa na mkondo kwa muda, kisha kasia likaingia tena majini.

Wakati wa kurudi mazungumzo yaligeukia kazi. Sheria ya mazingira ya mwaka 2005 iliagiza kilimo kikae mita 10 kutoka ukingo wa mto na mita 50 kutoka ziwani. Katika mji wa Kigali viwanda vilihamishwa kutoka kinamasi cha Gikondo, bustani ya Nyandungu yenye hekta 121 ikafunguliwa mwaka 2022, na kazi ya kurudisha uhai wa vinamasi vingine, kikiwamo cha Nyabugogo, ikafuata. Kila amri ya namna hii, siku moja humfikia mtu mwenye sare, akaambiwa asimame ukingoni na kuhesabu hatua. Polisi aliyecheka asubuhi alikiri kwamba amewahi kutumwa kuondoa watu bondeni, na kwamba hakujua tofauti ya mfereji wenye kizibo na ule usio nacho. Yote aliiona kuwa mitaro tu. Kwa maoni yetu, anayetumwa kulinda kinamasi angepaswa kwanza aingizwe ndani yake kwa mtumbwi, walau saa tatu, na mtu anayekilima.

Tulipopita tena penye tuta la yule mama, alikuwa amejaza gunia la viazi na anatafuta wa kumfikishia darajani. Sajini alilipokea bila kuambiwa, akalilaza katikati ya mtumbwi. Maji yakapanda vidole viwili karibu na ukingo, na mwongozaji akatuamuru tukae kimya, tusitikisike, mpaka nchi kavu.